Msusi, bega lililoganda na mikanda ya mpira iliyotangulia wakati wake

Kisa hiki ni cha mwanamke wa miaka hamsini na kitu anayesuka nywele mjini Nakuru. Amekubali kisimuliwe. Umri wake kamili, mtaa, saluni na kliniki vimeondolewa, na mambo mawili matatu ya nyumbani kwake yamebadilishwa ili asitambulike. Nawaandikia wenzangu wa fiziotherapia, wahudumu wa afya ya jamii, na walimu wa mazoezi wanaogawa mikanda ya mpira katika vikundi vya kina mama na wazee. Mikanda hiyo siku hizi iko kila mahali, na ni kifaa kizuri. Ninachotaka kuchambua ni lini ianze kutumika kwa mtu ambaye bega lake halinyanyuki.

## Usuli

Mama huyu ana saluni ya viti vitatu na msaidizi mmoja. Kwa zaidi ya miaka ishirini amesimama nyuma ya vichwa vya watu, viwiko juu, tangu asubuhi hadi giza. Ana kisukari cha aina ya pili na shinikizo la damu. Dawa anazo, ila humeza leo akaruka kesho, hasa siku ambazo wateja wamejaa na chakula cha mchana kimempita.

Bega la kulia lilianza kumuuma bila kuanguka wala kugongwa. Akalaumu kazi. Akalichua, akalikanda kwa maji ya chumvi, akaendelea kusuka. Mwezi wa pili akashindwa kufunga sidiria kwa nyuma. Mwezi wa tatu akashindwa kulalia upande huo. Jirani mmoja akamwambia ni mshipa uliopanda juu ya mwenzake. Mwingine akamwelekeza kwa mzee wa kuvuta mifupa, na kwa bahati nzuri hakupata muda wa kwenda.

Mikanda aliletewa na kijana wake: seti ya rangi tano, pamoja na video ya mwalimu wa mazoezi kwenye simu. Video ilikuwa na mazoezi matatu. La kwanza, kuushika mkanda kwa mikono miwili mbele ya kifua na kuuvuta hadi mikono inyooke kandoni. La pili, kuukanyaga na kuuinua mkono hadi juu ya kichwa. La tatu, kuushika kwa upana na kuupitisha juu ya kichwa mpaka nyuma ya mgongo. Kila zoezi mara 20, mizunguko mitatu, asubuhi na jioni.

Video yenyewe haikuwa mbaya. Kijana wa voliboli mwenye bega zima lililokaza kidogo ningempa mazoezi hayo hayo, pengine hata la tatu.

Mama alijikaza. Wiki ya pili usiku ulizidi kuwa mbaya, naye akapandisha rangi ya mkanda, akiamini kwamba uchungu ni dalili ya zoezi kufanya kazi. Ili aweze kulala, alianza kununua diklofenaki, dawa ya maumivu, kwenye duka la dawa. Mtu mwenye sukari na presha akimeza dawa hiyo kila siku anahatarisha figo, na presha yenyewe hupanda. Hilo peke yake lilitosha kumleta hospitalini hata kama bega lisingemuuma.

## Alivyokuja, na tulichokiona

Alikuja mwezi wa nne tangu maumivu yaanze, mikanda yote mitano imekunjwa ndani ya kiondo. Nilipomuuliza kazi inamwia vipi, alijibu: "Kazi naiweza, daktari. Usiku ndio siuwezi." Maumivu ya usiku aliyapa 8 kati ya 10.

Kipimo kilichoamua mambo hakikuhitaji mashine. Alikaa kwenye kiti, kiwiko kimekunjwa na kubana mbavu, kiganja kikielekea upande mwingine. Nikamshika juu ya kifundo cha mkono nikauzungusha mkono kwenda nje polepole, yeye akiwa amelegea kabisa. Wa kushoto ulienda hadi nyuzi 65. Wa kulia ulisimama kwenye nyuzi 10. Ulisimama kwa kugota, na haikuwa misuli iliyokaza kwa woga. Kiungo chenyewe kilikuwa kimeishiwa na nafasi. Kuuinua mkono mbele, mwenyewe alifika nyuzi 95, nilipomwinulia, 100. Kandoni alifika 70, na hata hizo aliziiba kwa kulipandisha kombe la bega kuelekea sikioni. Mkono nyuma ya mgongo uliishia kwenye kitako, ilhali mwenzake ulifika usawa wa sidiria.

Tazama hizo 95 na 100. Kama kano ya msuli ingekuwa imechanika, mkono ungekwama anapouinua mwenyewe, lakini mtu mwingine angeweza kuupeleka mbali zaidi. Hapa alikuwa na mpaka karibu uleule, awe ameuinua mwenyewe au ameinuliwa. Kwa maana hiyo, zoezi lolote la kuimarisha misuli lilikuwa linagonga mlango ambao haukufungwa na misuli.

Tuliuliza pia kuhusu shingo, ganzi za vidole, degedege, homa za jioni, kukohoa na kupungua uzito. Wapo wanaoyaona maswali haya ya mwisho kuwa mapambo. Kifua kikuu kinaweza kukaa kwenye kiungo cha bega, na nchini mwetu hakijaisha. Degedege nalo linaweza kulichomoa bega kwa upande wa nyuma, likakaa hivyo wiki nyingi bila mtu kuligundua kwa macho, na dalili yake kubwa ni hii hii ya mkono kukataa kuzunguka nje. Ndiyo sababu daktari aliagiza eksirei kwanza. Picha ilitoka safi. Kipimo cha wastani wa sukari ya miezi mitatu kilitoka asilimia 9.4, ambayo iko juu.

Kwa hiyo tulikuwa na bega lililoganda. Jina hilo lilitolewa na Ernest Codman, daktari wa upasuaji wa Boston, mwaka 1934. Mwaka 1945 daktari mwingine wa upasuaji, Neviaser, akaonyesha kwamba shida inakaa kwenye mfuko unaokizunguka kiungo. Mfuko huo huanza kwa kuvimba, kisha huwa mnene na kunywea, kama sweta iliyofuliwa kwa maji moto. Huwapata zaidi watu wa miaka 40 hadi 60, wanawake kuliko wanaume, na wenye kisukari mara kadhaa kuliko wasio nacho. Awamu ya kwanza ni ya maumivu, ya pili ni ya ugumu huku maumivu yakipungua, ya tatu ni ya kulegea taratibu. Safari nzima huchukua mwaka mmoja hadi mitatu, na wengine hubaki na upungufu. Mama alikuwa bado katika ya kwanza.

## Uamuzi wa kwanza: mikanda ikae kando

Tulimwomba aiache mikanda yote. Hakufurahi. Kijana wake alikuwa ameinunua kwa pesa zake, na kuambiwa usifanye mazoezi na mtu wa mazoezi ni jambo geni. Basi tulimwonyesha sababu kwa mkanda wenyewe.

Mpira una tabia ambayo chupa ya maji au chuma cha kunyanyua hakina: kadiri unavyouvuta ndivyo unavyozidi kukuvuta. Mwanzo wa mwendo ni mwepesi, mwisho ndio mzito. Kwa bega zima hilo halina neno. Kwa bega lililoganda, mwisho wa mwendo ndipo mfuko ulipokaza na ndipo palipovimba, kwa hiyo mkanda unapeleka mzigo mkubwa kabisa mahali pabovu kabisa. Lile zoezi la kuupitisha nyuma ya kichwa ndilo lililokuwa likimuumiza zaidi, maana linaudai mkono uende juu na kuzunguka nje kwa pamoja, na huko ndiko alikokuwa amebakiwa na nafasi ndogo kuliko kote.

Kulikuwa na sababu ya pili, ya ushahidi. Mwaka 2004, Diercks na Stevens wa Uholanzi walichapisha ufuatiliaji wa wagonjwa 77 wa bega lililoganda. Kundi moja lilinyooshwa kwa bidii, hata kupita kizingiti cha maumivu. Kundi la pili lilielezwa ugonjwa, likatakiwa kuutumia mkono ndani ya mpaka wa maumivu, na likaendelea kuangaliwa. Baada ya miezi 24, asilimia 89 ya kundi la upole walikuwa na bega la kawaida au lililokaribia hapo. Kundi la bidii, asilimia 63. Ni utafiti mdogo na siusomi kama amri, lakini unatosha kumzuia mtu asimkaze mgonjwa ambaye usiku halali.

Diklofenaki ilisimamishwa na daktari akampa dawa nyingine ya maumivu.

## Sindano: ndiyo, lakini si leo

Sindano ya steroidi ndani ya kiungo hutuliza maumivu ya awamu ya kwanza vizuri kuliko mazoezi yoyote, na mapema ndipo inapofaa zaidi. Lakini kwa mwenye kisukari hupandisha sukari kwa siku kadhaa. Mama alikuwa na 9.4. Daktari alikuwa na njia mbili: kumchoma siku hiyo na kuvumilia kupanda kwa sukari, au kurekebisha dawa kwanza na kumwacha ateseke wiki chache zaidi. Alichagua kurekebisha, na mimi niliunga mkono, ingawa najua wenzangu watakaobishana na uamuzi huo. Hoja yao ni kwamba maumivu yasiyomwacha mtu alale nayo hupandisha sukari. Ni hoja nzito. Kilichoamua hapa ni kwamba mama hakuwa na mashine ya kupimia nyumbani, na kumpandisha mtu sukari bila macho ya kuiangalia ni kubahatisha.

Alipata mashine, dawa zikapangwa pamoja na chai ya asubuhi na chakula cha jioni badala ya mchana usiotabirika, na sindano ikafuata sukari ilipoanza kushuka. Baada ya sindano sukari ilipanda kama alivyoambiwa, ikarudi ndani ya wiki. Usiku ukaanza kulalika.

## Mazoezi matatu ndani ya saluni

Karatasi ya michoro aliyopewa siku ya kwanza ilikuwa na mazoezi kumi. Aliporudi, hakuna aliloweza kulionyesha bila kuitazama, na hakuwa ameitazama. Tukabakisha matatu, kila moja likifungwa kwenye kitu kilichokuwa tayari mbele ya macho yake kazini.

Kwenye sinki la kuoshea nywele: kuinama, kuuegemeza mkono wa kushoto, na kuuacha wa kulia uning'inie na kuyumba wenyewe. Ni zoezi la zamani, nalo linaitwa kwa jina la Codman. Kwenye meza ya rangi za kucha: kukaa, kuweka kiganja juu ya kitambaa na kukisukuma mbele kadiri bega linavyoruhusu. Na kwa mpini wa ufagio: kiwiko kwenye mbavu, mkono wa kushoto ukiusukuma mpini ili uuzungushe wa kulia kwenda nje. Taulo ya moto begani kabla ya kuanza. Hiyo saluni haikosi.

Kipimo cha uchungu kilikuwa cha wazi. Wakati wa zoezi maumivu yasizidi 4 kati ya 10, na asubuhi ya pili bega lisiamke na hali mbaya kuliko jana yake. Likiamka vibaya, zoezi linapunguzwa nusu siku hiyo, wala haliachwi kabisa. Mama alilipenda sharti la asubuhi kuliko lolote jingine, kwa sababu lilimpa yeye usukani.

Kumwambia apumzike kazi halikuwa wazo la mezani. Saluni ndiyo inayolipa karo. Badala yake tulibadilisha urefu wa viti. Mteja alikaa kwenye kigoda, msusi akakalia stuli ndefu, na viwiko vyake vikashuka chini ya mabega kwa sehemu kubwa ya kazi. Kukausha nywele kwa mashine, kazi ya kushikilia uzito juu ya kichwa cha mtu, ikaenda kwa msaidizi. Hapo palikuwa na mvutano wa pesa, maana msaidizi alitaka mgao zaidi, na haki ilikuwa yake. Usiku aliweka mto chini ya mkono ili bega lisivutwe.

## Mikanda inarudi

Mwezi wa nane tangu maumivu yaanze, usiku ulikuwa umetulia, mkono ukizungushwa nje ulifika nyuzi 30, na ule mgoto haukuwa tena na maumivu makali. Sasa kulikuwa na shida mpya. Mkono ulikuwa umetumiwa nusunusu kwa miezi mingi, misuli ya nyuma ya bega na ya kuzunguka kombe ilikuwa imelegea, na alikuwa amezoea kuinua mkono kwa kupandisha bega zima. Kazi hiyo ndiyo ya mkanda.

Kwanza alisukuma ukuta kwa kiganja bila mkono kusogea, ili misuli iamke bila kiungo kuzunguka. Kisha mkanda mwepesi ukafungwa kwenye grili ya dirisha, usawa wa kiuno. Zoezi la kwanza lilikuwa kuuvuta kuelekea mbavuni, makombe yakikaribiana. La pili, kusimama ubavu kwa dirisha, taulo iliyokunjwa kati ya kiwiko na mbavu, na kuuzungusha mkono kwenda nje. Taulo hiyo huonekana jambo dogo, lakini ikidondoka unajua kiwiko kimetoroka na mgongo ndio unaofanya kazi ya bega.

Jambo ambalo naona wengi hawalifundishi ni mahali pa kusimama. Ukisogea mbali na dirisha, mkanda unakuwa tayari umevutika na utafika mwisho wa mwendo ukiwa mkali. Ukisogea karibu, unaanza ukiwa umelegea, na mwisho wake unabebeka. Tulimsogeza karibu, tukamwambia aishie kabla ya mgoto, na arudishe mkono polepole kwa kuhesabu moja hadi tatu. Mara 12 hadi 15, mizunguko miwili, siku tatu kwa wiki. Siku za katikati alibaki na ufagio.

Baadaye tuliutumia mkanda hata kuongeza mwendo, kwa mtindo wa kukaza na kulegeza. Anafika mwisho wa mzunguko wa nje, anauambia mkono usukume ndani taratibu dhidi ya mkono wangu kwa sekunde tano, analegeza, kisha misuli ya nje inavuta mkanda mwepesi kutafuta nyuzi chache zaidi. Mwendo aliopata kwa njia hiyo ulibaki naye wiki iliyofuata kuliko ule wa kuvutwa na mtu. Zoezi la kuuinua mkono juu dhidi ya mkanda lilikuja mwisho kabisa, na lile la kuupitisha nyuma ya kichwa halikurudi.

## Mafuta, blada na mizani ya watoto

Mkanda mwepesi ulikatika. Haukumpiga usoni, lakini ungeweza. Tulipouchunguza tuliukuta unanata na una nyufa ndogo ndogo. Mpira asilia hauelewani na mafuta, na mikono ya msusi haikauki mafuta. Tangu hapo alinawa kwa sabuni kabla ya kuushika, akauning'iniza mbali na jua la dirishani, na kuukagua kwa kuunyoosha mbele ya mwanga kila kabla ya kuanza.

Pengo la mkanda ule alilijaza mwenyewe: alikwenda kwa fundi wa baiskeli akarudi na blada, ule mpira wa tyubu tunaofungia mizigo kwenye bodaboda. Wapo wataalamu wanaoikataa blada papo hapo. Mimi sioni sababu, ilimradi tujue inavuta kwa nguvu gani. Katika seti nyingi mkanda wa manjano ukivutwa hadi urefu maradufu hutoa kilo moja na kidogo, na rangi zinazofuata hupanda hatua kwa hatua, ingawa watengenezaji hawafuati rangi moja. Blada haina rangi wala hatua.

Kliniki ya watoto ilikuwa na mizani ya kuning'iniza, ile ya kupimia watoto wachanga ndani ya suruali ya kitambaa. Tukaiazima. Ncha moja ya blada kwenye ndoano, alama mbili za kalamu, na kuuvuta hadi umbali kati ya alama uwe maradufu. Kipande alichokuja nacho kilivuta zaidi ya mara mbili ya mkanda wake mwekundu. Angekitumia hivyo hivyo, tungerudi mwezi wa nne. Tulikipasua kwa urefu, kikawa nusu ya upana na nguvu ikashuka kwa karibu nusu. Halafu tukakiacha kirefu, kwa sababu mpira mrefu ukivutwa umbali uleule hunyooka kwa sehemu ndogo zaidi, na hivyo huvuta kwa upole. Upana na urefu ndio marekebisho mawili aliyonayo mtu wa blada, na yote hayahitaji duka.

## Desemba

Kabla ya Krismasi kila mtu Nakuru anataka kusukwa. Mama alifanya kazi hadi usiku, stuli ndefu ikasahaulika kwa sababu wateja wawili walisukwa kwa zamu, miadi mitatu ikapita. Januari alirudi na maumivu ya 5 na amepoteza nyuzi kadhaa za mzunguko wa nje. Hatukuanza upya. Mkanda ulisimama kwa wiki mbili, ufagio na sinki vikaendelea, kisha blada nyembamba ikarejea. Nyuzi zilizopotea zilirudi haraka kuliko zilivyopatikana mara ya kwanza.

## Matokeo

Mwezi wa 14 tangu maumivu yaanze, alikuwa akiinua mkono mbele hadi nyuzi 150 na kuzungusha nje hadi 55. Maumivu ya usiku yalikuwa yameisha. Alisuka siku nzima, ila mashine ya kukausha ilibaki kwa msaidizi, safari hii kwa makubaliano. Mkono nyuma ya mgongo ulifika kiunoni na juu yake kidogo, ukakataa kuendelea. Aproni anaifungia mbele. Sukari ya miezi mitatu ilikuwa asilimia 7.6. Bega la kushoto tunalipima kila anapokuja, kwa sababu ugonjwa huu ukishapita upande mmoja huweza kuuanza wa pili.

## Uchambuzi

Nani alilegeza bega hili? Sindano, muda, sukari iliyoshuka, viti, ufagio, mikanda? Kisa kimoja hakiwezi kujibu, na anayekisoma ili apate ushahidi kwamba mikanda huponya bega lililoganda atakuwa amekisoma vibaya. Sehemu ya mwendo ingerudi hata bila sisi. Mwaka 2020 jarida la The Lancet lilichapisha utafiti wa hospitali za Uingereza wenye watu 503, uliolinganisha njia tatu: kulivunja ugumu bega mgonjwa akiwa amelazwa kwa nusukaputi, kulegeza mfuko kwa upasuaji wa kamera, na fiziotherapia iliyopangwa pamoja na sindano ya steroidi. Baada ya mwaka mmoja hakuna njia iliyoizidi nyingine kwa tofauti ambayo mgonjwa angeihisi. Kwa mtu wa Nakuru asiye na fedha za upasuaji hiyo ni habari njema, maana njia ya tatu ndiyo anayoimudu.

Ninachoweza kusema kwa uhakika zaidi ni kuhusu mpangilio. Mikanda ileile, kwa mtu yuleyule, ilimharibia usiku mwezi wa tatu na ikamrudishia nguvu mwezi wa nane. Kilichobadilika katikati ni uvimbe wa mfuko, namna ya kusimama na kiasi. Kipimo cha kuzungushiwa mkono ndicho kilichotufunulia hilo mapema, nacho hakichukui hata dakika moja.

Kati ya mengine yote, naupa uzito mkubwa urefu wa viti. Mazoezi yalikuwa dakika chache kwa siku. Kusuka kulikuwa saa nyingi. Bega linalopandishwa siku nzima na kutulizwa dakika kumi jioni haliwezi kushinda hesabu hiyo. Pia kuyaweka mazoezi kwenye sinki, meza na ufagio kulifanya kazi kuliko karatasi na kuliko ujumbe wa simu wa kumkumbusha, ambao aliniambia alikuwa akiufuta bila kuusoma.

Kilichoshindwa wazi ni Desemba. Kalenda ya saluni inajulikana: Krismasi, Pasaka, likizo za shule. Mpango wa mgonjwa wa kazi hii unatakiwa kupunguzwa makusudi katika wiki hizo, mikanda iwekwe kando kabla ya msimu, libaki zoezi moja tu la sinki na miadi ya asubuhi sana. Vivyo hivyo kwa mvunaji wa majani chai au mpanga bidhaa wa dukani. Kila kazi ina Desemba yake.

Kamba ya kupitisha juu ya mlango, ambayo mkono mzima huivuta ili kuuinua ule mgonjwa, nimeiruka katika simulizi kwa sababu haikufua dafu. Aliivuta kwa nguvu za mkono mzima kuliko bega lilivyoweza kuvumilia, na mlango wa saluni ulikuwa unafunguliwa kila dakika.

Kwa walimu wa vikundi: kabla ya kumpa mtu mkanda, mkalishe, kiwiko kwenye mbavu, na uuzungushe mkono wake nje taratibu, kushoto kisha kulia. Mikono ikilingana, endelea na somo lako. Mmoja ukigota mapema huku mwenzake ukienda, mtu huyo asipewe mkanda siku hiyo. Aende akaonwe, na akifika huko apimwe na sukari, kwa sababu wapo waliogundulika na kisukari walipokwenda kutafuta dawa ya bega.